Mdomo wa Mwatumu

Goreth alijifunza kusoma midomo ya watu katika kiwanda cha nguo huko Bujumbura, wala hakuwahi kuiona kuwa ni elimu. Mitambo ya pale ilikuwa na kelele ambazo hata mtu akikuita kwa mayowe humsikii, kwa hiyo wanawake wa kitengo cha kufuma walizoea kusemezana kwa midomo mitupu, bila sauti, kila neno likivutwa kidogo ili mwenzako alidake. Walisimuliana hivyo habari za ndoa, za misiba na za wasimamizi wasiowapenda. Kiwanda kilipofungwa kila mmoja alishika njia yake, lakini mazoea hayo hayakumtoka.

Mwaka 2017 alikuwa mshonaji Jeppestown, mtaa wa Johannesburg, kwenye karakana ya ghorofani iliyoshona mapazia na sare za walinzi. Cherehani ya jirani ilikuwa ya Joséline, waliyetoka naye kiwanda kile kile, na ambaye sasa walipanga naye chumba kimoja Malvern, nyuma ya Jules Street. Cherehani zote zikinguruma kwa pamoja, wawili hao walipiga soga zao kama zamani, na wenzao wa Kizulu walishazoea kuwaona wakicheka ghafla bila neno kusikika.

Majira ya baridi ya mwaka huo alikuja mteja mmoja kutaka mapazia mazito meusi. Alikuwa Mkongomani wa Lubumbashi, mrefu, mwenye miwani, jina lake Marcellin. Alipogeuka kuchagua kitambaa, Goreth alimwambia Joséline kwa midomo kwamba bwana huyu suruali yake imefumuka nyuma na hana habari. Joséline aliinamia kazi yake, mabega yakimtikisika. Marcellin aliona. Alingoja cherehani zitulie, akamsogelea Goreth na kumuuliza kwa Kiswahili alikuwa akimwambia nini mwenzake. Goreth akaona haya, lakini akamwambia. Marcellin akapapasa nyuma kwa mkono, akacheka mwenyewe, kisha akabaki amesimama pale pale akimtazama kama mtu aliyesahau alichofuata.

“Maman,” alisema mwishowe, “mutu akiwa kwenye picha, mutu wa zamani, unaweza kusoma anasema nini?”

Goreth akamjibu kwamba inategemea lugha. Marcellin akasema ni Kiswahili.

Ndivyo Goreth alivyoanza kwenda mjini siku za Jumamosi, kwenye jengo moja kuukuu ambamo Marcellin na watu wengine wachache walitengeneza filamu zilizoharibika. Mkuu wao alikuwa mama mmoja Mzungu wa makamo aliyeitwa Retha, mpole, asiye na maneno mengi. Mapazia meusi yalikuwa ya chumba chao cha kurekodia sauti. Humo Marcellin alimketisha Goreth mbele ya kioo kikubwa, akamweleza mambo yalivyokuwa.

Mwanzoni mwa miaka ya thelathini, sinema ilipokuwa imeanza tu kusema, kampuni ndogo ya hapo Johannesburg ilitengeneza filamu tatu na kisha ikafa. Zilikuwa hadithi za Wazungu wanaotafuta almasi na kupotea msituni. Picha zilikuwa kwenye utepe, lakini sauti ilikuwa imewekwa kwenye sahani, mfano wa zile za gramafoni, zikichezeshwa sambamba na picha. Utepe ulisalia. Sahani zilivunjika zamani, zote. Sasa waigizaji wengine walikwisha kupewa sauti mpya, maana walisema Kiingereza na maneno yao yalijulikana. Aliyebaki alikuwa mwanamke mmoja tu. Ameandikwa jina moja mwishoni, chini ya majina yote: Mwatumu.

Habari zake zilikuwa chache. Gazeti moja la wakati ule lilisema ni yaya aliyeletwa kwa treni kutoka Elisabethville, Lubumbashi ya leo, na familia ya mhandisi wa Kibelgiji, na kwamba kwao ni Kasongo, kwenye Waislamu waliosema Kiswahili tangu enzi za misafara. Mwongozaji wa filamu alimwona sokoni akiwa na watoto wa tajiri yake, akampenda sura, akamfanya malkia wa msituni. Aliigiza filamu tatu kwa muda usiofika miaka miwili. Baada ya hapo hakuna anayejua.

“Mwongozaji alimwandikia maneno,” Marcellin alisema, “lakini ukiangalia mudomo, haviendani. Mimi mwenyewe niliangalia mupaka macho ikachoka.”

Akawasha picha. Akatokea mwanamke kijana, mwembamba, amevikwa ngozi ya chui na manyoya kichwani, amesimama juu ya jiwe lililotengenezwa kwa karatasi. Mbele yake amepiga magoti Mzungu mwenye ndevu. Kwa mujibu wa mwongozaji, malkia alikuwa akimwonya mgeni huyo kwamba mto umelaaniwa. Alinyoosha mkono kwa ukali, macho yamewaka, midomo ikaanza kwenda.

Goreth aliomba irudiwe. Ikarudiwa tena na tena. Halafu Marcellin akamsikia akicheka, kicheko cha kweli kilichomtoka kifuani.

“Anamwambia, mzee wewe, ndevu zako zinanuka tumbaku. Anasema, nimesimama hapa tangu asubuhi, miguu imevimba, na yule mwenye kofia hajanipa hata maji.”

Mwenye kofia alikuwa mwongozaji. Hakukuwa na mtu pale aliyejua Kiswahili, na Mwatumu alijua kwamba hakuna. Marcellin alimwita Retha, akamtafsiria, naye Retha akacheka hadi akavua miwani. Siku ile walishinda wakitafuta maneno ya filamu ya kwanza. Karibu yote yalikuwa ya namna hiyo. Pale alipotakiwa kulaani alisifia ugali wa mama yake, na pale alipotakiwa kubariki arusi alilalamikia kiatu kinachombana. Goreth alirudi Malvern amefurahi, akamhadithia Joséline mambo yote hayo wakimenya viazi. Joséline alisema hakumbuki ni lini mara ya mwisho alimwona mwenzake hivyo.

Filamu ya pili ilikuwa tofauti.

Humo malkia ametekwa. Amefungwa mikono nyuma, amewekwa kwenye nguzo, na majambazi wanaulizana watamfanya nini. Anatakiwa kuomba kwa miungu yake. Lakini Mwatumu hakutazama juu wala hakuwatazama majambazi. Aligeuza uso akaangalia moja kwa moja ndani ya kamera, mtu asidhani kwamba anaomba miungu, akasema polepole sana, akitamka kila neno kama wanawake wa kiwandani.

Goreth hakuomba irudiwe. Marcellin akamgusa bega.

“Ananiona,” Goreth alisema.

Marcellin alimwambia apumzike. Alikataa, akaomba picha iwekwe tangu mwanzo, akawa anayasema maneno kwa sauti ya chini jinsi yalivyokuwa yakimtoka yule mwanamke: “Kama picha hii imefika Kasongo, ni mimi. Sikufa. Msinilie matanga. Wazungu wangu wamerudi kwao wameniacha huku, Johannesburg. Ninakaa Jepe, nyuma ya tanuri la matofali. Anayeijua njia aje anichukue.”

Ndipo Marcellin alipoelewa. Mwanamke huyu alikuwa amesikia kwamba sinema husafiri, kwamba picha zake zitaonyeshwa mbali, pengine hadi Kongo. Alikuwa amesema na watu wa kwao kwa njia pekee aliyokuwa nayo. Na filamu ile, kwa jinsi Retha alivyofahamu, haikuvuka mipaka ya nchi. Ilionyeshwa miji michache, kampuni ikafilisika, utepe ukatiwa kabatini.

Goreth alirudi kwa miguu siku hiyo badala ya kupanda teksi. Alipita Jeppestown, ndiyo Jepe ya yule mwanamke, karakana zimefungwa, na kila alipokuta kichochoro kilichokwenda nyuma ya kiwanda alisimama akakichungulia. Hakujua tanuri la matofali lilikuwa wapi, wala kama lilikuwako kweli. Lakini neno moja lilikuwa limemkaa mwilini kama homa. Msinilie matanga.

Mumewe Aloys alitoka nyumbani kwao Bujumbura mwaka 2015, wakati wa vurugu, akisema anakwenda Musaga kumtazama kaka yake. Hakufika huko wala hakurudi. Goreth alitafuta kila mahali palipoweza kutafutwa, kisha akakimbia na waliokimbia, akapitia kambi Tanzania, akashuka mpaka huku. Mwaka uliofuata ukoo wa Aloys ulikaa matanga bila maiti, wakanyoa, wakamaliza. Walipompigia simu kumwambia, aliwajibu kwamba yeye si mjane. Tangu siku hiyo hawakumpigia tena, naye hakuwahi kubadilisha namba ya simu.

Miaka yote miwili alikuwa akingoja neno. Na neno lilikuwa limefika, tena kwa Kiswahili, likimtazama usoni. Lakini lilitoka kwa mtu mwingine, na lilikuwa limepelekwa kwa watu wengine ambao walikwisha kufa wote.

Katika wiki zile Goreth alianza kumwona Mwatumu mahali ambapo hakuwapo. Si kwamba alimwona mzima. Ni mdomo tu. Alikuwa akisubiri robot, taa ya kuvukia Jules Street, ndani ya teksi iliyosimama akaona kwenye kioo mdomo ukisema, anayeijua njia. Alipotazama vizuri alikuwa ni dada mmoja anayetafuna bigijii. Akiinama kupitisha uzi kwenye sindano aliuona kwenye chuma cha cherehani kilichong’aa. Joséline naye alianza kuwa na wasiwasi, kwa sababu alimwona mwenzake akisema peke yake kwa midomo saa za kazi, bila kumtazama mtu. Alimvumilia, kisha siku moja akaizima cherehani yake.

“Dada Goreth, unasema na nani?”

Goreth alisema hakusema na mtu.

“Nimekusoma,” Joséline alimjibu. “Umesema wamekuja? Umeuliza mara nyingi. Wamekuja?”

Maneno hayo hayakuwamo katika filamu yoyote. Goreth mwenyewe hakujua aliyatoa wapi.

Filamu ya tatu ndiyo iliyomwogopesha zaidi ya ile ya pili. Humo Mwatumu hakuwa malkia tena. Alikuwa mtumishi kwenye nyumba ya matajiri, amevaa aproni nyeupe, akipita nyuma ya Wazungu wanaozungumza, akiweka chai mezani. Hakuandikiwa neno lolote. Marcellin alisema hapo hapahitajiki kazi, lakini Goreth aliomba aonyeshwe. Alidhani atasema tu, kama alivyosema kwenye zile nyingine, kwa sababu mtu ambaye hakusikiwa mara ya kwanza husema tena. Alimtazama akiingia na sinia. Alimtazama akimimina. Midomo ilikuwa imefungwa. Aliporudi kuondoa vikombe ilikuwa imefungwa, na alipofungua mlango kumpokea mgeni vilevile. Goreth akaomba irudiwe, akasogea mpaka pua yake ikakaribia kioo. Mahali fulani yule mwanamke aligeuka na kutazama kamera kwa kitambo kidogo, kama unavyotazama dirisha la nyumba isiyokaliwa, halafu akaenda zake na sinia. Hiyo ndiyo picha yake ya mwisho duniani.

Ikaja kazi ya kumpa sauti. Retha aliingia na Marcellin, akaketi mbele ya Goreth, akasema kwa utaratibu kwamba waliotoa pesa za kazi hii walitarajia maneno ya mwongozaji. Lakini kwa maoni yake yeye Retha, sahani zilizovunjika zilikuwa na sauti ya Mwatumu akisema aliyoyasema, na kuirudisha filamu kama ilivyokuwa maana yake ni kuyarudisha hayo. Alitaka tu kujua kama Goreth ana hakika.

Goreth akamwambia kwamba ana hakika na yote isipokuwa neno moja. Kabla hajasema kama picha hii imefika Kasongo, Mwatumu alimwita mtu. Midomo ilikutana, ikafunguka, ikakutana tena, ikafunguka. Inaweza kuwa mama. Inaweza kuwa baba. Kwa mdomo maneno hayo mawili ni neno moja, hayana tofauti hata chembe. Kiwandani walikuwa wakigusa titi wakimaanisha mama na kidevu wakimaanisha baba, ili mtu asikosee. Mwatumu alikuwa amefungwa mikono.

Retha aliuliza afanyeje basi. Goreth akasema hajui. Walikubaliana atasema mama, kwa sababu mtoto aliyepotea huita mama.

Chumba kile chenye mapazia meusi, ambayo yeye mwenyewe aliyapinda, kilikuwa kimya kiasi kwamba alisikia damu yake ikipita masikioni. Marcellin alikaa upande wa pili wa kioo. Alimweleza avae hedifoni, atazame picha, abane pumzi mpaka alama nyeupe ipite, ndipo aseme. Goreth akafanya hivyo. Alipofungua mdomo na kusema “Mama,” sauti iliyomtoka ilikuwa yake, lakini nyembamba kuliko aliyoizoea, ya msichana. Maneno yakafuatana yenyewe. Hakukosea hata moja, na alipomaliza mashavu yake yalikuwa yamelowa.

Marcellin alirudisha nyuma akasikiliza, akarudisha tena, halafu akamwita aje upande wake.

“Ulivuta pumuzi mbele ya kusema?”

Goreth alisema hapana, aliibana kama alivyoambiwa. Marcellin akamwekea asikie. Kabla ya neno la kwanza palikuwa na pumzi, ndefu, ikivutwa kwa mashaka, kama mtu anayetaka kusema jambo mbele ya wakubwa na hana uhakika kama ataruhusiwa. Marcellin alisema anaweza kuifuta kwa kitufe kimoja. Goreth akamwambia aiache, na ikaachwa.

Filamu zilionyeshwa mwanzoni mwa mwaka 2018, mchana wa Jumapili, kwenye ukumbi mdogo mjini. Marcellin alikuwa amewaita Wakongomani wa Malvern na wa Yeoville, wakaja na watoto wao, wengine wakitokea moja kwa moja ibadani. Katika filamu ya kwanza ukumbi mzima ulivunjika mbavu. Wamama walirudia habari ya ndevu na tumbaku, na watoto, ambao nyumbani hujibu kwa Kiingereza tu, wakaidaka nao wakaanza kuambiana. Kwenye ya pili kicheko kiliendelea kidogo, mpaka Mwatumu alipogeuza uso.

Goreth alikuwa amekaa nyuma na Joséline. Aliisikia ile pumzi ikivutwa juu ya vichwa vya watu wote. Kisha akaisikia sauti yake mwenyewe, aliyoitoa kwa kinywa chake, ikiita, “Baba.”

Alimshika Joséline mkono. Joséline alifikiri amezidiwa na machozi.

Walipotoka nje watu walikuwa wamesimama makundi makundi kwenye ngazi, hakuna aliyeharakisha kwenda kwake. Mzee mmoja wa Maniema, jimbo lenye Kasongo, alikuwa akisema ni uchungu ulioje kumsikia binti akimwita baba yake namna ile. Mke wake alimshangaa, akamwambia kwamba masikio yake yamezeeka, binti alimwita mama. Wengine wakaingilia, nusu huku nusu kule, wakabishana hata wakamwendea Marcellin awaamue. Marcellin alisema neno lililorekodiwa ni mama, na yeye ndiye aliyelirekodi. Lakini Goreth alimsoma midomo alipogeuka pembeni kufuta miwani, na midomo hiyo ilisema, lakini nilisikia lingine.

Baada ya siku ile mdomo haukumtokea tena kwenye vioo wala kwenye chuma cha cherehani. Goreth hakufarijika. Ilikuwa kama mgeni aliyeondoka bila kuaga, ukabaki unasikiliza mlango. Alimweleza Joséline kwamba kitu kimoja kinamsumbua. Yule mwanamke aliomba wasimlilie matanga akiwa hai, wakamtii bila kujua, na alipokufa kweli, hapo hapo Johannesburg, yumkini hakuna aliyemlilia.

Kwa hiyo walikwenda kwa Khatibu. Huyu alikuwa Mwislamu wa Buyenzi, mtaa mmoja na Goreth huko Bujumbura, mwenye duka la viatu vya mitumba kwenye Jules Street. Goreth alimwamkia, akamweleza kwamba wao ni Wakristo lakini wana maiti wa Kiislamu, wa siku nyingi, asiye na mtu. Khatibu hakuuliza maswali mengi. Alisema wataisoma hitima Alhamisi baada ya alasiri, chumba cha nyuma cha duka, na jirani zake watakuja.

Alhamisi hiyo masanduku ya viatu yalisogezwa ukutani, mkeka ukatandikwa. Wakaja wanaume saba au nane, Warundi na Watanzania, na mzee mmoja wa Kimalawi. Joséline alikuwa amepika maandazi, Marcellin akaleta sukari na majani ya chai. Walipofika pa kumtaja maiti, Khatibu alimgeukia Goreth aliyekaa karibu na mlango, kichwa amejifunika kanga.

“Mwatumu binti nani?”

Goreth alijua swali hilo lingekuja. Alisema hajui jina la baba. Khatibu akauliza la mama. Nalo hakulijua. Akawa karibu kueleza habari ya neno lile, ya mikono iliyofungwa na ya watu kwenye ngazi, lakini Khatibu alitikisa kichwa kwa upole kuonyesha kwamba haina shida.

“Asiyejulikana wazazi wake tunamtaja kwa Hawa,” alisema. “Huyo ni mama wa sote.”

Akainua mikono, akasema, Mwatumu binti Hawa, na wale wanaume wakaitikia. Akauliza kama kuna marehemu mwingine wa kutajwa. Joséline alimtazama mwenzake. Goreth alisema hapana, ni huyo tu, na Khatibu akaendelea.

Walipomaliza waligawana maandazi na chai. Mzee wa Kimalawi, ambaye hakuambiwa chochote, alimuuliza Goreth kama marehemu alikuwa ndugu yake. Goreth akasema alikuwa mtu wa kwao, aliyekaa Jepe, na kwamba aliwahi kucheza sinema.